Jino langu limepandisha bei ya chumvi

Alhamisi, usiku

Na leo sikusema neno lolote! Wiki iliyopita nilimweleza mama tu, kwa sauti ndogo, kwamba dola itapanda na bei ya chumvi itaifuata. Kesho yake ikawa kweli, mama akawasimulia wauzaji, na tangu hapo soko zima la Kasongo linausoma uso wangu.

Leo nimepita nimekunja uso kwa sababu ya jino. Mama Zaituni, muuza chumvi, akapiga kelele: "Mumuone mutoto wa shule! Dola iko inapanda!" Wauza chumvi wote wakapandisha bei.

Sasa mama hawezi kununua hata gunia moja la kupeleka kuuza Kabambare. "Kesho upite kwenye soko unacheka," ameniamuru, "mpaka nimalize kulipa."

Nimejaribu kucheka mbele ya kioo, lakini jino limeuma na uso umejikunja tena. Mdogo wangu ameniona, akakimbia kuficha sukari.