Umeenda Maua

Mama Kendi,

Ni mimi, mzee wako wa Kiirua. Kendi wetu alitaka kuniandikia barua hii, nikamkataza. Huyo mtoto angenyoosha maneno yote, halafu usingenijua. Herufi zangu zimelala kama mahindi baada ya upepo, lakini ni zangu.

Nataka kukuambia kwamba umeenda mjini Maua. Usishtuke, nitaeleza.

Siku ya kukuzika, watu wako wa runinga walikuja. Hata yule mume wako wa kipindi, Zakayo, na suti yake. Na unajua wanawake wa kanisa walifanya nini? Walinipita mimi, niliyepeleka ng'ombe kwa baba yako, wakaenda kumshika Zakayo mkono. "Pole sana, baba, umebaki peke yako." Na yeye akaitikia! Nikatafuta fimbo yangu. Bahati yake, Kendi alikuwa ameikalia.

Watu walipokula, mwelekezi wenu, yule msichana wa miwani, akaja kwangu kwa heshima. Akasema kwenye kipindi cha Jumatano pia lazima ufe. Walishaandika. Jeneza la kuigizia lilikuwa tayari. Alitaka tu nijue mapema, nisije nikaona ghafla.

Nikasema hapana.

"Lakini mzee, watu wote wanajua ameaga."

"Mimi nimemzika leo. Ona, mikono iko na udongo. Sasa mnataka nimzike tena Jumatano nikiwa kwa kiti changu? Hilo jeneza pasueni kuni."

Ni Zakayo aliyecheka, halafu machozi yakamtoka. Akasema, "Kumbe ni huyu! Mzee, hivyo ndivyo alikuwa ananifundisha. Nikiongea laini laini, ananisimamisha: 'Hapana. Baba Kendi hawezi kusema hivyo. Kunja uso kwanza, ndio uombe chai.'"

Mama Kendi. Mimi nilidhani nakusaidia kukariri maneno yako ya kipindi tu. Wewe unachambua maharagwe, mimi ni hakimu, mimi ni daktari, mimi ni tajiri wa Nairobi, na wewe uko na neno moja la kunijibu. Nilikuwa nakushinda kuigiza, hilo sitaficha. Kumbe ulikuwa unanibeba unanipeleka huko bila kuniambia. Kwa hivyo yule mzee mkali wa Zakayo, anayependwa na Kiirua nzima, ni mimi. Na vile nilivyokuwa namchukia!

Watu walisema wewe ni mwigizaji wa pembeni. Ni wivu. Kazi yako ya kwanza, pale sokoni Gakoromone, uliambiwa useme "Nyanya ni hizo," basi. Mama mmoja akaja kununua kweli, na wewe ukamuuzia, ukamwongeza moja, kamera ikiendelea kuchukua. Na ile sinema ya hospitali ulionekana mgongo peke yake, umebeba trei. Niliruka nikamwaga uji: "Huyo ndiye!" Kendi akabisha. Mgongo wako, mtu anibishie mimi?

Sasa walinisikia. Hukufa. Umeenda Maua kumwangalia binti yenu wa kipindi, amejifungua. Jumatano Zakayo aliketi jikoni, akakunja uso vizuri, akamimina chai vikombe viwili. Akaangalia mlango. Akasema, "Huko Maua ni baridi. Sijui kama alibeba sweta."

Hayo maneno ni yangu. Nilimpigia simu nikampa. Aliyasema sawa, lakini mimi ningenyamaza zaidi kidogo kabla ya sweta.

Nyumba iko kimya, mama. Kuku wako wanataga, mimi nawafokea tu ili nisikie mtu akiongea.

Nenda salama. Nakuahidi, wakiandika tena kwamba ufe, nitapanda gari niende Nairobi na fimbo yangu. Mimi nikiwa hai utabaki Maua.

Na sweta ulibeba. Ile ya kijani. Kendi alisema imechakaa, haifai kuzikwa nayo. Niliikunja mwenyewe nikakuwekea miguuni.

Mzee wako,
Baba Kendi