Sauti Yako kwa Madame

Mdogo wangu Furaha,

Pokea salamu kutoka Ganshoren, mtaa wa huku Ubelgiji ambao Jumapili hata mbwa wanaona haya kubweka. Mguu wa Mama unaendeleaje? Mimi ni mzima wa mwili. Moyoni nina wivu, na wivu wenyewe ni juu yako.

Nilikuambia kuhusu Madame, bibi kizee wa Kiitaliano ninayemwogesha na kumlisha. Alikuwa mwigizaji zamani zile sinema hazina sauti. Alianza akiwa na miaka kumi na saba, akaigiza wajane, malkia, na wasichana wa kujitupa mtoni. Sifa yake ilikuwa kulia. Nyuma ya kamera alikaa mtu wa fidla, akimpigia mpaka machozi yatoke. Halafu sinema zikaanza kusema, mabwana wenye sinema wakasikia sauti yake nzito ya kijijini, kazi ikaisha. Akaolewa na Mbelgiji.

Sasa watu wanaotunza sinema za kale wakaomba kuja Jumamosi, wampige picha za sinema akilia mara ya mwisho. Nikamenya kitunguu kujaribu machozi yake. Akaudhika: "Kitunguu ni cha wasiojua kazi." Nikamwimbia. Unajua miaka tisa nilisimama nyuma yako kwenye kwaya, nikifungua mdomo tu. Macho yake yalibaki makavu. Nikaweka ile kasete yako ya Krismasi, akalia kabla ubeti wa kwanza haujaisha. Tangu hapo kila asubuhi anauliza habari zako. Mimi ndiye ninayebadilisha mashuka, Furaha, lakini anayeulizwa ni wewe.

Nikaificha kasete kwenye mfuko wa unga wa fufu. "Bon, Madame, radio imekula kasete."

 Madame akasema sinema yake ya kwanza haikuwa yake. Mabwana walimwandikia dada yake barua ya kumwita, yeye akaificha, akaenda mwenyewe. Dada alishona nguo za watu mpaka kufa, bila kujua.

Jumamosi nikapangusa unga, nikaweka kasete. Madame alilia vizuri mno. Mwenye kamera akauliza ni nani anaimba. Nikajibu, "Ni mimi."

Madame alisikia. Akanyamaza, ndiyo kazi aliyoisomea.

Alhamisi watarudi kuandika majina ya kuwekwa kwenye sinema. Nimeandika lako kwenye karatasi mara mbili, nikalichana mara mbili. Nisikudanganye, bado linaniuma. Kwa nini Mungu alikupa wewe koo, mimi akanipa mikono tu?

Papa Bahati, jirani yetu wa Bukavu anayerudi huko, amepita sasa hivi: "Maman, kama iko barua, ulete leo. Kesho niko napanda ndege." Basi nafunga. Nisalimie Mama, na tonton, yule mjomba aliyetufundisha kwaya, na shemeji yako akirudi kutoka Uvira.

Madame aliificha barua ya dada yake. Hii nampa Papa Bahati mkononi, na akishaondoka nayo sitaweza tena kusema ni mimi.

Dada yako mkubwa,
Vumilia