Haragwe Kwenye Mguu wa Mzee Sifuna

Kitale,
Jumapili, baada ya kanisa.

Mama yangu mpendwa,

Pokea salamu tele kutoka kwa binti yako, ambaye ungemwona leo ungesema sasa anakula vizuri. Hujambo? Kile kifua kimetulia na baridi hii? Na mahindi ya kule chini mtoni, yamebeba? Mimi ni mzima kabisa. Mwenye nyumba wangu ametengeneza bomba hatimaye, na sina la kulalamikia ila mvua ya Kitale, ambayo ikianza mchana haikumbuki kwenda kwao.

Najua utauliza kwa nini barua na simu ninayo. Mama, tusidanganyane. Simu yako unaiweka spika, unaiegemeza kwenye sufuria, na jikoni kumejaa majirani. Maneno haya si ya Mama Rosaline. Nimemkabidhi Wabwile bahasha hii na nimeipaka gundi mara mbili, kwa sababu ndugu yangu namjua. Basi keti kwanza, ndipo uendelee kusoma.

Unakumbuka mambo yangu na Tonny yalikuwa yamekwama. Tonny mwenyewe hana neno. Aliyekuwa na neno, au tuseme aliyekataa kulitoa, ni baba yake, Mzee Sifuna. Tangu alipoambiwa jina langu na kwetu ni wapi, hakusema ndiyo wala hapana, alikunywa chai yake tu. Mchumba wa kaka yake Tonny aliwahi kukataliwa kwa sababu Mzee alisikia ati kwao shamba halipaliliwi kwa wakati. Tonny asingekuja kwetu bila neno la baba yake, na mimi nisingetaka aje hivyo. Miezi yote hii nimekuwa nikienda kazini roho juu, nikijifanya sijali.

Kazi yangu nayo unaijua nusu nusu. Huko kanisani unawaambia watu mimi ni daktari, nami nakuomba uache. Mimi hukaa chumba cha nyuma cha hospitali, nasoma faili za wagonjwa, na kila ugonjwa naupa namba yake ili serikali na watu wa bima wajue nani aliugua nini. Kidonda cha kukatwa na waya kina namba yake, na cha kuumwa kina yake. Tena kuumwa si kuumwa tu. Lazima nijue ni mguu upi, kama kidonda kilifunguka au ngozi ilichubuka tu, na ni nani aliyeuma. Mbwa ana namba, nguruwe ana namba, binadamu pia anayo, hata kasuku. Faili isiyosema hayo hunirudia mpaka nipate jibu.

Sasa, Jumanne ya wiki juzi faili moja iliingia mezani kwangu na jina juu yake ni Sifuna. Kumbe mkewe alikuwa amemburuta Mzee hospitalini, mguu umevimba, usaha umeanza, na yeye alikuwa amekaa nao nyumbani tangu Jumamosi akisema utapoa. Daktari Derrick alikuwa ameandika kwamba mgonjwa amekatwa na seng'enge kwenye shavu la mguu wa kushoto, kisha akaweka alama ya kuuliza. Kabla sijaelewa, nesi Cheptoo aliingia akafunga mlango. Alinieleza kwamba alipofungua kitambaa alichofungwa Mzee, alikuta nusu ya haragwe imeganda juu ya kidonda.

Mama, wewe na mimi tunajua haragwe lililopasuliwa huwekwa wapi. Hakuna mtu katika Bungoma yote, wala Trans Nzoia, anayeweka haragwe kwenye jeraha la seng'enge. Linawekwa alipouma mbwa, ati linyonye sumu, likishiba lianguke lenyewe. Na chini ya hilo haragwe kulikuwa na matundu ya meno yametazamana. Lakini Mzee alishikilia kwamba ni seng'enge. Daktari alimweleza kwa upole kwamba kichaa cha mbwa kikishafika kwenye ubongo hakuna dawa duniani, kwamba sindano husaidia kabla tu, na kila siku inayopita ni hatari. Mzee akamjibu, "Si nimekwambia ni waya, bana. Shona niende." Daktari akakataa kushona, kwa sababu kidonda cha meno ukikifunga unafungia uchafu ndani.

Cheptoo anajua habari zangu na Tonny. Alisema labda mimi Mzee atanisikiliza. Msichana ambaye hata hajaposwa, aingie mbele ya baba mkwe aliyekunja suruali mpaka gotini? Na amuulize ni nani aliyemuuma, kama anayemhoji mwizi? Akikasirika, lile neno sitalipata maisha yangu yote. Nikinyamaza, na mbwa awe na kichaa, Tonny atamzika baba yake nami nitakuwa nilikaa chumba cha nyuma nikiandika namba ya waya. Niliogopa, Mama. Sijawahi kuogopa vile, hata siku ya kutahiniwa kazi.

Niliingia ubavu ubavu kama kaa, nikaketi nyuma ya pazia la kitanda, asinione wala nisiuone mguu wake. Nikamwambia sikuja kama mtu wa Tonny, nimekuja kama mwenye kuandika faili, na kwamba waya na mbwa havikai kwenye namba moja. Nilikuwa nimepanga maneno mengine ya heshima lakini machozi yakatoka bila ruhusa. Nikajikuta nimesema, "Mzee, afadhali unikatae ukiwa hai."

Nikasikia kitanda kikilia akijigeuza. Kisha akauliza kama daktari yuko karibu, nikasema yuko mlangoni. Akasema haya, ni mbwa, lakini asiulizwe wa wapi. Daktari akasema hilo ndilo la kwanza atakalouliza, kwa sababu mbwa akijulikana anaweza kuchungwa siku kumi, na akibaki mzima wote watapumua. Ndipo Mzee akaomba daktari na Cheptoo wasogee kidogo, akaniambia mimi peke yangu.

Sasa Mama, shika kiti. Yule mtu uliyemdhani muuza mbegu, aliyevaa kofia ya kijani, ambaye mbwa wetu Bosko alimrarua mguu nyuma ya migomba, hakuwa mtu wa mbegu. Alikuwa Mzee Sifuna mwenyewe. Alitoka Kitale alfajiri akapitia Bungoma mjini mpaka Sirisia, aje alione boma letu kabla hajatoa neno. Wazee wengine hutuma shangazi kwa kazi hiyo, lakini yeye haamini macho ya mtu mwingine. Na alipita nyuma kwa sababu, anasema, mbele ya nyumba kila mtu hufagia.

Alinieleza yote. Kwamba ulitoka jikoni na mwiko mkononi ukamfokea Bosko kwa majina yake yote. Kwamba hukumuuliza anatafuta nini kwenye migomba ya watu, ulimkalisha kwenye kigoda, ukamkunjia suruali, ukauosha ule mguu kwa sabuni ya mche huku unamwagia maji jagi baada ya jagi, naye akisema imetosha unamwambia anyamaze, hujamaliza. Nilipomweleza Daktari Derrick jinsi mguu ulivyooshwa, bila kukutaja, alisema huyo mama ampe mkono, kwa maana hata wao huanza na sabuni na maji mengi. Halafu ukaharibu kazi yako nzuri na haragwe! Lile haragwe ndilo lililofunika uchafu mpaka mguu ukatunga usaha. Sabuni asante, Mama. Haragwe lipikwe.

Wala hukuniambia kitu! Najua ni kwa nini. Kila likizo nakupigia kelele kuhusu sindano ya mbwa, nawe unasema Bosko hana shida. Na ni kwa ajili ya zile siku kumi za daktari nimekuwa nikipiga simu kila asubuhi kuuliza kama Bosko amekula, hata ukasema kazi ya hospitali imeniingia kichwani. Siku kumi zimepita na Bosko anakula ugali kutushinda sisi. Hata hivyo daktari wa mifugo atafika Jumatano, usimfiche Bosko chini ya kitanda. Mzee alidungwa dawa kuzunguka kidonda siku ile ile, akadungwa ya pepopunda, na zile za kichaa zilizobaki anazimaliza bila ubishi. Kidonda kinajaa nyama safi kutoka chini. Nami nilimwandikia namba yake ya haki.

Ijumaa alikuja kusafishwa, akasimama nje ya dirisha langu. Hakunitazama, alitazama ukuta, kama inavyopasa. Alisema alienda kwetu kutafuta kasoro, na mtu akitafuta haikosi kuonekana. Lakini alikalishwa kwenye kigoda na mama mjane asiyejua jina lake, akashikwa mguu kama wa mtoto wake, na tangu hapo hakuna swali alilobaki nalo. Alisema kimya chake tangu aumwe kilikuwa aibu tu, neno alikuwa amelitoa akiwa bado na povu mguuni.

Mama, nililia tena, safari hii kwa raha.

Wanakuja Jumamosi ya mwisho ya mwezi ujao. Najua ulitaka wangoje mpaka nyumba ipigwe plasta. Iache. Jambo moja tu linamsumbua Mzee. Anasema mkwe hagusi mkwe, nawe ulimshika mguu mtupu kabla hata ya posa. Ameomba aje na kondoo kwanza, wa kufuta hilo, na sababu yake tuijue sisi watatu peke yetu. Anakusihi siku hiyo, watakapomtambulisha kwako, usicheke. Nimemwambia siwezi kumwahidi.

Nisalimie wote hapo nyumbani, Mama Rosaline pia, na umwambie barua ilihusu mambo ya kanisa. Kunywa dawa ya kifua mpaka iishe. Mungu akulinde mpaka tuonane.

Ni mimi binti yako mwenye furaha,

Nabwile