Bibi Mlangoni mwa Duka

International City, Dubai
Machi 2015

Dada yangu Ghania,

Kabla ya yote, nakwambia jambo ambalo sijamwambia mtu: Bibi Tufaha anajulikana Indonesia, na mimi ndiye niliyemfikisha huko. Sasa, shikamoo. Shemeji hajambo? Kikohozi cha mtoto kimepoa? Sisi wazima, isipokuwa Baba, tangu jana hali chakula vizuri. Ami Badar anasafiri kesho, atakuletea barua hii. Simu za nyumba hii kila mtu anazishika.

Juu yetu anakaa Wulan, tunasoma darasa moja. Kwao ni Bandung, ambako anasema mtindo wa mtandio wa wiki iliyopita umeshakuwa wa kizamani, na kahawa ya barafu hainywewi mpaka ipigwe picha, hata barafu ikiyeyuka. Wasichana wa huko wana ukurasa wao mtandaoni, kila mmoja anaonyesha alivyojifunga. Wulan akaniomba nami nitie picha. Unanijua, nikiitwa jina darasani naitikia moyoni. Basi nikamtoa Bibi badala yangu: nikamwambia Wulan anajifunza kupamba maharusi, anataka kichwa cha kujaribia mitandio. Bibi akakaa, akalalamika tumemgeuza mto wa pini, akataka na kujua bwana harusi ni nani.

Ikawa kila Ijumaa Wulan anamfunga mtandio, mimi napiga picha na kuitia kwenye ukurasa ule. Bibi kwenye picha hacheki, basi wasichana wa Jakarta nao wakaanza kupiga picha wamenuna, eti ndiyo mtindo.

Jana Baba kaenda soko la Naif kununua vitambaa. Akamkuta mama yake mzazi kwenye mlango wa duka la mitandio, picha ya ukubwa wa mlango mzima, kanuna, ana ua la kitambaa cha zambarau sikioni. Mwenye duka akamweleza kuwa yule ni mwanamitindo wa Indonesia. Baba akamjibu kuwa mwanamitindo huyo ndiye aliyemnyonyesha.

Lawama zote kamtupia Wulan, na kasema asikanyage kwetu tena. Wulan hakunitaja. Aliniangalia tu, nami nikaangalia zulia. Sina rafiki mwingine, dada.

Bibi hakukasirika. Tulipobaki jikoni aliuliza kwa nini wamechagua picha yenye ua la zambarau, na lile la kijani ndilo lililomkaa. Kumbe alijua siku zote. Akasema yeye hamwambii Baba ukweli. Hilo ni langu kulisema.

Kila nikisikia hatua naificha karatasi chini ya kitabu cha hesabu. Msalimie shemeji, mbusu mtoto. Ndara za Baba hizo, zinakuja na kikombe chake cha chai. Kitabu ninacho mkononi. Nakiweka kando, karatasi naiacha wazi.

Ukiona hapa pana doa la chai, ujue ameisoma.

Mdogo wako,
Lamees