Sauti Yako Ndani ya Filamu

Jericho, Jumanne 14 Machi 1995

Mke wangu Atieno,

Leo mwenye filamu ameniudhi. Anataka dada mwingine arekodi upya maneno uliyoigiza. "Baba Achieng, stovu inasikika kuliko marehemu!" alisema akicheka.

Kosa ni langu. Miaka yote hii nimeandika, nimepiga picha, nimehariri, hata nimeigiza mwizi wa kuku, lakini siku ile niliweka maiki karibu na stovu. Na sauti yako sina popote pengine. Ile "karibu chai" yako...

Tangu jioni nakaa, nasimama, nakaa tena. Kesho nitakataa. Anaweza kumpa mwingine kazi inayofuata, na Achieng bado anasoma. Naogopa, lakini nitakataa.

Huko uliko, unikumbuke.