Alama Sifuri kwenye Ipodi ya Mama

Kibirizi, Kigoma
4 Februari 2025

Kaka Heritier,

Shikamoo. Kabla sijakuuliza hali, nikuambie kuna sauti moja haijanitoka masikioni tangu Jumapili ya tarehe 26: Mama akivuta pumzi. Unakumbuka alivyovuta kabla ya kuimba, fupi, kwa pua, kama mtu anayetaka kumkatiza mwenzake maneno. Nilikuwa jikoni nasonga ugali, nikaisikia kutoka sebuleni. Mwiko ulinitoka mkononi. Mama ana miezi sita kaburini.

Haya, wewe hujambo? Wifi Melania na watoto wanaendeleaje na joto la Morogoro?

Ilikuwa ile ipodi yako ya zamani, yenye gurudumu, uliyomwachia Mama baada ya kumrekodi akifundisha kwaya sauti zote nne. Baba ameichomeka kwenye spika ndogo. Lakini hasikilizi nyimbo, Kaka. Anacheza. Ndani yake kuna michezo, na anaocheza ni wa kubahatisha wimbo: kinaokotwa kipande chochote cha vilivyomo, kinapigwa sekunde chache, na kwenye kioo yanatokea majina matano. Unatakiwa uchague jina lake kabla muda haujaisha. Kwa hiyo mara unasikia rhumba, mara tarumbeta, mara Mama: "Besi, mnachelewa, tena!" Halafu anakatwa katikati ya neno.

Baba anaanza asubuhi na haachi mpaka betri iishe. Anajichoma sindano ya sukari, anasema "nakuja kula", chakula kinapoa. Alhamisi sukari ilishuka, akaangukia uani kwenye dagaa zilizoanikwa na jirani yetu Anifa. Tulimnyanyua wawili, tukampa maji ya sukari. Anifa akamtania, "Mzee, umenilalia mboga ya wiki nzima!" Baba hakucheka. Wewe unamjua Baba kwa utani na Anifa.

Kinachonitisha zaidi ni alama. Nimechungulia mara nyingi: sifuri. Kila mara sifuri. Mtu aliyeishi na mwalimu wa kwaya miaka thelathini na sita hawezi kukosa kutambua hata wimbo mmoja. Nahisi akili yake inaondoka na mimi namwangalia tu.

Nakuandikia barua pepe kwa sababu simu haiwezekani. Nyumba hii ukinong'ona chumbani, sebuleni wanakujibu. Niambie jinsi ya kuiondoa hiyo michezo. Likizo niliyopewa shuleni Simbo ninakofundisha inaisha mwisho wa mwezi, na sitaweza kumwacha hivi.

Mdogo wako,
Rahabu

---

Morogoro
6 Februari 2025

Mdogo wangu Rahabu,

Marahaba. Sisi wazima, mtoto wa mwisho tu ana mafua. Pole sana, na mpe Anifa pole ya dagaa zake.

Barua yako nimeisoma ofisini nikatoka nje. Sikufikiria sauti ya Mama ingekuja kutokea kwenye mchezo. Nilirekodi ili wale wa besi wajifunze nyumbani, maana mazoezini walikuwa hawaji.

Iondoe hiyo michezo. Baba akikosa chakula tena baada ya sindano, hatutaongea habari za ipodi, tutaongea habari nyingine. Ila sikiliza vizuri: usiichomeke kwenye kompyuta yoyote kwa kubahatisha. Ile laptop niliyotumia kuweka sauti za Mama iliibiwa, na nakala nyingine sina. Ziko humo tu. Nenda kwa Vedasto, yule fundi wa mtaa wa Mwanga niliyesoma naye. Ana mdomo mchafu lakini mkono wake mwepesi.

Na hizo alama zinanitisha mimi pia. Mwangalie. Je, anakumbuka siku? Anakumbuka majina? Niandikie kila kitu, hata ukiona ni kidogo.

Kaka yako,
Heritier

---

Kibirizi
15 Februari 2025

Kaka,

Shikamoo. Mafua ya mtoto yamepoa? Baba anawasalimu, ingawa hajui kama naandika.

Nilikwenda kwa Vedasto Jumatatu, Baba akidhani nimepeleka ipodi kubadilishwa waya. Vedasto aliigeuzageuza akacheka. "Dada, hii ni bibi yake simu! Michezo hii haitoki, imezaliwa nayo kiwandani. Na nikiichomeka hapa, kompyuta yangu itaiona mgeni. Itaniuliza, nifute vyote nianze upya? Kidole kikiteleza tu, mama yako kwaheri."

Alisema hivyo hivyo.

"Basi tufanyeje?"

"Tunaificha." Akaingia sehemu ya mipangilio, kwenye orodha ya vitu vinavyoonekana ukurasa wa kwanza, akaondoa alama ya tiki kwenye Michezo, akaondoa na kwenye Ziada, njia nyingine ya kuifikia. Hakuna waya, hakuna kompyuta. Dakika moja. Nyimbo zote zipo, Mama yupo kwenye orodha kwa namba za kitabu cha nyimbo, mchezo hauonekani. Nilirudi nikiwa mwepesi, Kaka, nikanunua na samaki, migebuka, njiani.

Siku tatu Baba alizungusha gurudumu akiutafuta. Siku ya nne akaniita. "Rahabu, wewe umesoma. Hiki kitu kimeharibika?"

Nikamjibu, "Labda ni uzee, Baba."

"Uzee wa nani?" akauliza, akinitazama usoni.

Nikamwonyesha: nyimbo hizi hapa, za Mama hizi hapa, bonyeza unayotaka. Akasema ahsante. Hajabonyeza hata moja.

Sasa anakula kwa wakati. Sukari naipima asubuhi na jioni, iko vizuri, naandika kwenye daftari. Ningekuwa daktari ningesema amepona. Lakini haongei. Na leo mchana, mvua inanyesha, Mzee Dismasi wa kwaya alimleta nyumbani ameloa. Amemkuta amesimama nje ya kanisa, dirishani, wanakwaya wakifanya mazoezi ndani. "Nikamwambia, Leonardi, umekuja kuimba au kuhesabu vioo? Ingia! Akaniambia anasubiri. Nikamuuliza unamsubiri nani? Akageukia dirishani tena."

Umeniambia nikuandikie kila kitu. Hicho ndicho. Anakumbuka siku, anakumbuka majina. Lakini anasubiri mtu.

Rahabu, mdogo wako

---

Morogoro
16 Februari 2025

Rahabu,

Marahaba, mdogo wangu. Mafua yameisha.

Sikulala. Nimeongea na Melania, naye amekubali kwa moyo mmoja. Baba aje akae kwetu. Hapa kuna hospitali kubwa, kuna daktari wa mambo ya akili za wazee, na kuna wajukuu wa kumchangamsha. Nimemkatia tiketi ya treni ya tarehe 28, daraja la pili, na Mzee Dismasi atamsindikiza. Tiketi zao mbili utazikuta stesheni ya Kigoma kwa jina lako. Baba usimwambie mapema, atabisha. Funga nguo zake kidogo kidogo.

Ipodi ibaki kwako. Asije nayo.

Najua utaumia. Lakini wewe una kazi, una maisha yako, na mtu mmoja hawezi kulinda sukari na akili kwa pamoja.

Kaka yako akupendaye,
Heritier

---

Kibirizi
27 Februari 2025

Kaka Heritier,

Shikamoo, na wifi umsalimie sana. Amenifanya nilie kwa kukubali haraka namna ile. Nisamehe kwa siku kumi na moja za ukimya. Uliponipigia sikupokea kwa sababu Baba alikuwa karibu, na baadaye kwa sababu nilikuwa naona haya.

Jumatatu alinikuta nakunja mashati yake kwenye begi. Hakuuliza begi la nini. Akakaa kitandani. "Ule mchezo uliuficha wewe?" Nikasema ndiyo.

"Kwa nini?"

"Kwa sababu ulikuwa huli, Baba. Na ulikuwa unashindwa. Kila mara sifuri."

Akanitazama kama mwanafunzi wangu anavyonitazama nikikosea ubaoni. "Nani alikwambia nilikuwa nashindana? Nilikuwa sijibu. Ukijibu, anakatwa. Ukinyamaza, anaachwa mpaka muda uishe. Basi nanyamaza."

Nikamwambia nyimbo za Mama zipo kwenye orodha, anaweza kumsikiliza mwanzo hadi mwisho bila kukatwa.

"Nikimchagua mimi, nasikiliza marehemu," akasema. "Kwenye mchezo sijui atakuja saa ngapi. Zinapita rhumba, zinapita tarumbeta, halafu anaingia mlangoni. Kama alivyokuwa anarudi mazoezini."

Nikamuuliza pale kanisani alikuwa akimsubiri nani. Akasema alikuwa akisubiri wafike zamu ya besi. Miaka thelathini na sita Mama alimwomba aingie kwaya, akakataa kila mwaka, na sasa anaijua besi ya nyimbo tisa kwa sauti ya Mama. Alikuwa anaona haya kuingia kichwa kimeota mvi na kuanza.

Kaka, mimi ndiye niliyekuandikia kwamba akili yake inaondoka. Nilisoma alama kama ninavyosahihisha mitihani, nikampa baba yangu sifuri. Na kuna jingine sijakuambia. Nilisema naiondoa michezo kwa ajili ya sukari. Sukari ilikuwa kweli. Lakini nilikuwa pia siwezi kukaa nyumba ambayo Mama anaweza kuingia wakati wowote. Nilitaka anyamaze.

Tumekaa tukakubaliana. Sindano nitaishika mimi. Hapewi mpaka sahani iwe mbele yake na kijiko mkononi. Mchana nikiwa shuleni Anifa anapita kumwona anakula, na amekubali kabla sijamaliza kuomba: "Huyo nitamlisha kama mtoto, akikataa nitampigia kelele mpaka Ujiji wasikie." Kila siku nitakwenda Simbo na kurudi. Tiki zote mbili nimezirudisha, mbele yake, na nimemfundisha njia ya kufika pale ili siku nyingine asihitaji kuniuliza.

Bado naogopa. Naogopa asubuhi nitakayochelewa kuamka, naogopa siku Anifa atakayosafiri. Sikuahidi kwamba hataanguka tena.

Lakini hatakuja Morogoro. Tiketi zote mbili nilizirudisha stesheni jana saa nne asubuhi, na begi nimelitoa nguo. Mzee Dismasi nimeshamwambia. Ukikasirika, nikasirikie mimi. Baba hajui kama barua hii imeandikwa.

Mdogo wako,
Rahabu