Mufuko ya Uzi Mwekundu

Mama,

Salamu nzuri sina. Mashini yako ya mupunga iko inaunguruma bado hapa Baraka, na ni mi niko naisimamia. Usifurahi haraka. Inatembea kwa sababu batu ba bunduki banaitaka, na mwengine mwenye anajua kuiwasha hakuna tena.

Unakumbuka siku za kukoboa? Bamama balikuwa banafika toka mashambani na kelele yote, kila mumoja amesona mudomo ya mufuko na uzi ya rangi yake, tusichanganye. Chenga ya muchele yenye ilianguka chini ya mashini ilikuwa ya bajane. "Ya chini haina bwana," ndivyo ulikuwa unasema. Basi bale banaume ba bunduki bakabeba mpaka chenga, na we, na ule mudomo wako, ukabaambia barudishe. Mama! Juu ya beseni moja ya chenga! Bakakupiga risasi, kisha bakaniambia niwashe mashini. Nikawasha.

Sasa majirani banapita kwa mulango bila kusalimia. Ati mi niko nakula na bale ba bunduki. Aa, banikome! Bo bangefanya nini?

Juma yenye ilipita bale batu balileta mufuko ya uzi mwekundu, mafundo mawili, vile Mama Sifa wa hapa jirani anafungaka. Bwana yake alikuwa ameenda kulala shambani, alinde mupunga. Ubavuni mufuko ilikuwa na damu, imekauka. Mumoja akaniangalia akasema, "Ukifungua kinywa, utafuata mama yako." Nikakoboa. Muchele ikatoka nyeupe, nzuri kabisa.

Na Mama Sifa, masikini, bado ananisalimia. Kila mangaribi anasimama pa kiwanja: "Huyu mzee, shamba limemuoa!" Anacheka. Anamupakulia ugali na samaki, anafunika sahani. Asubuhi anapatia batoto ile chakula yenye ililala, na mangaribi anapakua tena. Mi namujibu, "Atakuja, Mama Sifa." Ulimi yangu iko inanichukiza.

Niko naogopa, Mama. Naogopa vibaya sana. Lakini siwezi tena kusikia ule mufuniko ukiwekwa juu ya sahani.

Lala, Mama yangu. Kuishi siku mingi sikuahidi, hiyo haiko mikononi mwangu. Naahidi hii tu: kesho, kabla ya kuwasha mashini, nitaenda kwa Mama Sifa, nimuambie asimupakulie tena.

Mutoto wako,
Neema